Lázaro Ramos hakuruka kutoka maabara hadi Cannes: jibu kwa kijana anayetaka kuacha chuo

*"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 20, nasoma stashahada ya maabara ya tiba hapa Tanga, mwaka wa pili. Jioni naigiza na kikundi chetu cha mtaani, michezo ya jukwaani na mara nyingine maigizo ya kampeni za afya. Mwezi uliopita niliangalia filamu ya Kibrazili, Madame Satã, na yule mwigizaji mkuu, Lázaro Ramos, hajanitoka kichwani. Nikasoma kwamba naye alikuwa mtu wa maabara, akaacha, filamu moja ikamtoa akiwa bado kijana. Nami nataka kuacha chuo niende Dar nitafute nafasi kwenye filamu na tamthilia. Mama hataki hata kusikia. Rafiki yangu mwenye kamera ananiambia niache na jukwaa pia, eti linaniharibu, napayuka. Na kweli nikimaliza onyesho sauti inakauka. Safari hii ni wiki ya nne haijarudi vizuri. Kuna bwana mmoja Dar anasema nikimtumia laki tatu ataniingiza kwenye tamthilia kubwa. Nifanye nini? Nikichelewa, si umri utanipita?"*

Marahaba, mwanangu.

Kabla sijafika Brazil, kuna mambo mawili hayawezi kusubiri. La kwanza ni sauti yako. Sauti iliyokauka siku mbili tatu baada ya onyesho ni uchovu, hupona kwa kunyamaza na kunywa maji. Sauti iliyokwaruza wiki nne ni jambo la daktari. Nenda hospitali ya mkoa, omba kuonana na daktari wa masikio, pua na koo, aangalie nyuzi zako za sauti kwa kifaa. Huenda zimevimba tu, huenda zimeota vinundu, na hakuna mwalimu wa uigizaji anayeweza kulijua hilo kwa kusoma barua. Mpaka uonwe, usipande jukwaani, usiimbe, na usinong'one pia, maana wengi hudhani kunong'ona ni kupumzisha sauti kumbe kunaikaza.

La pili ni laki tatu. Usiitume. Mwigizaji hulipwa ili aigize. Halipi ili aigize. Mtu mwenye tamthilia ya kweli ana kampuni, ana mswada, ana siku ya usaili, na ana kibali cha Bodi ya Filamu cha kupiga picha. Muulize hivyo vinne kwa upole. Akikasirika, umeshapata jibu. Kama tayari umemtumia chochote, kusanya ujumbe na risiti za miamala uende polisi ukiwa na mtu mzima wa kwenu, wala usione haya, kwa sababu watu wa aina hiyo hula kwa haya za vijana.

Sasa tuje kwa Lázaro Ramos. Nimefundisha uigizaji kwa muda mrefu, na ukumbi wa maigizo wa Bahia, jimbo lake huko Brazil, ni kitu nilichokifuatilia kwa mapenzi makubwa, kwa hiyo swali lako limenigusa. Lakini hadithi uliyoisoma imefupishwa mpaka imegeuka hadithi nyingine. Unaamini aliacha kitu kimoja akarukia kingine, na kwamba ule mruko ndio uliomtoa. Ukimfuata mtu kwa hadithi hiyo, utapita njia ambayo yeye mwenyewe hakuipita.

Alizaliwa Novemba 1978 mjini Salvador, kaskazini mashariki mwa Brazil, mji uliokuwa makao makuu ya koloni la Wareno tangu 1549 hadi 1763 na bandari kubwa ya kushushia watu waliotekwa Afrika. Hadi leo wakazi wake wengi mno wana asili ya Afrika. Mama yake alikuwa mfanyakazi wa ndani. Ni kweli kwamba alisomea ufundi wa maabara ya patholojia na kuifanya kazi hiyo. Lakini jukwaa lilikuwepo tayari. Alijiunga na kikundi cha Bando de Teatro Olodum akiwa na miaka 15 hivi, bado mwanafunzi. Darasa, maabara na mazoezi ya jioni vilikwenda pamoja. Kwa hiyo Madame Satã ilipofika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2002, katika kitengo cha Un Certain Regard, yule kijana wa miaka 23 uliyemwona alikuwa na miaka isiyopungua saba ya kusimama mbele ya watu usiku baada ya usiku.

Wala haikuwa filamu yake ya kwanza. Mwaka 1998, kwa mfano, alionekana katika Cinderela Baiana, filamu ya muziki iliyojengwa juu ya mcheza dansi maarufu wa wakati ule, na wahakiki hawakuihurumia hata kidogo. Nakutajia hiyo makusudi. Filamu hiyo haikumtoa, na haikumzamisha pia, kwa sababu alikuwa na mahali pa kurudi siku iliyofuata.

Mahali hapo ndipo penye jibu lako, kwa hiyo nivumilie niseme kwa urefu kidogo.

Bando iliundwa mwaka 1990 na mwongozaji Márcio Meirelles, akishirikiana na Olodum, kile kikundi cha ngoma cha mtaa wa Pelourinho ambacho huenda umekiona, maana ndio waliopiga ngoma Michael Jackson alipokwenda kurekodi video pale mwaka 1996. Waigizaji wa Bando walikuwa weusi, wengi wakitoka katika mitaa ya watu wa kipato cha chini. Pelourinho yenyewe ni mji mkongwe wa Salvador, nyumba za kikoloni zilizokuwa zimechakaa, zimejaa wapangaji, wauzaji wadogo, mafundi, makahaba, walokole, watu wa candomblé, ile dini ya Kibrazili yenye asili ya Afrika, wote kwenye ngazi na baraza moja. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 serikali ya jimbo ilianza kuukarabati mtaa huo kwa ajili ya watalii, na wakazi wengi wakahamishwa. Kikundi hakikwenda kutafuta tamthiliya iliyoandikwa Ulaya. Waigizaji walishuka mtaani, wakakaa na watu, wakaangalia muuza chakula anavyosimama anapodai deni, mwenye nyumba anavyoshika funguo, mlevi anavyoingia mahali asipotakiwa. Wakarudi kwenye chumba cha mazoezi, kila mmoja na mtu wake aliyemwokota, wakabuni matukio papo kwa papo, na mwongozaji akayashona yakawa mchezo. Ó Paí, Ó ya mwaka 1992 ilizaliwa hivyo, na miaka 15 baadaye, mwaka 2007, ikawa filamu ambamo Lázaro aliigiza pamoja na wenzake wale wale wa Bando.

Kuanzia 1994 makao yao yakawa Teatro Vila Velha, ukumbi ulioanza kazi mwaka 1964. Pale mwigizaji hafundishwi maneno tu. Mkufunzi wa dansi wa kikundi, José Carlos Arandiba anayeitwa Zebrinha, huwachezesha miondoko iliyotoka kwenye ngoma za candomblé; kiongozi wa muziki, Jarbas Bittencourt, huwataka waimbe na washike mdundo. Mwaka 1997 wakatoa Cabaré da Rrrrraça, ambamo wahusika huwageukia watazamaji na kusema nao moja kwa moja kuhusu ubaguzi wa rangi, huku watazamaji nao wakijibu. Fikiria shule gani hiyo kwa kijana asiyefika miaka 20: mtu wa safu ya tatu anakukatiza, nawe huwezi kutoka ndani ya mhusika, huwezi kukasirika, huwezi kusahau wimbo unaofuata.

Ndivyo uigizaji unavyojengeka, mwanangu. Kipaji kipo, siwezi kukataa. Lakini kazi yenyewe hukaa mwilini kwa kurudiwarudiwa mbele ya watu wanaoweza kuchoka na kuondoka. Katika kikundi cha kudumu leo unapewa mistari minne, mwakani unabeba mchezo mzima, na yule aliyebeba mchezo jana leo anakushikia nguo nyuma ya pazia. Mwongozaji anakujua udhaifu wako, hakuruhusu kurudia ujanja ule ule uliokuletea makofi mwaka jana. Mwigizaji anayeruka kutoka usaili mmoja hadi mwingine peke yake hana mtu wa kumwambia hayo.

Sasa mlango wa filamu ulifunguka vipi? Mwaka 2000 mwongozaji João Falcão alitengeneza mchezo uitwao A Máquina, kutoka riwaya ya Adriana Falcão. Mhusika mkuu, Antônio, kijana wa kijiji kidogo cha bara, aliigizwa na vijana wanne kwa pamoja katika onyesho moja: Lázaro Ramos, Wagner Moura, Vladimir Brichta na Gustavo Falcão. Watatu wa kwanza walikuwa wametokea kwenye kumbi za Salvador. Mchezo ulianzia Recife, ukasafiri hadi Rio de Janeiro na São Paulo, na huko ndiko walikokaa watu wa filamu na televisheni. Angalia vizuri hapo: hawakwenda kusini na mabegi kubisha hodi kwenye ofisi za watu. Walikwenda na kazi mkononi, kazi iliyokwisha iva, na watu wakanunua tiketi kuwaangalia. Tofauti kati ya kufika mji mkubwa ukiwa na onyesho na kufika ukiwa na picha zako kwenye simu ni kubwa kuliko nauli.

Wagner Moura, kwa njia, alisomea uandishi wa habari katika Chuo Kikuu cha Shirikisho cha Bahia huku akiigiza. Naye hakuona chuo kama adui wa jukwaa.

Kuna sehemu ya bahati pia, na ningekudanganya nikiificha. Mwaka 1990 Rais Collor alifunga Embrafilme, shirika la serikali lililokuwa likigharimia filamu, na kwa miaka michache utengenezaji wa filamu Brazil ulikaribia kufa kabisa. Mwaka 1993 ilipitishwa sheria iliyoruhusu makampuni kuelekeza sehemu ya kodi ya mapato kwenye filamu za nchini, na taratibu kazi ikarudi. Mwaka 1998 filamu ya Central do Brasil ikashinda Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin. Waongozaji wapya wakawa na fedha na njaa ya sura mpya. Karim Aïnouz, ambaye Madame Satã ilikuwa filamu yake ndefu ya kwanza, alikuwa mmoja wao. Lázaro angezaliwa miaka 10 mapema, angefikisha umri wa kuigiza nafasi ile wakati hakuna filamu za kuigiza. Kipaji kile kile, mazoezi yale yale, mlango hakuna. Hakuwa na uwezo wa kuchagua mwaka wa kuzaliwa. Alichoweza ni kuwa tayari mwaka ulipofika.

Na kwa mwigizaji mweusi, mlango ulikuwa mwembamba zaidi. Ilibidi Abdias Nascimento aanzishe kikundi cha Teatro Experimental do Negro mwaka 1944 Rio de Janeiro ili weusi wapate kuigiza watu kamili. Hata hivyo mwaka 1969 televisheni ya Globo ilimpaka mwigizaji mweupe, Sérgio Cardoso, rangi nyeusi usoni ili aigize mtumwa katika A Cabana do Pai Tomás, huku mwigizaji mkubwa mweusi Ruth de Souza, aliyekulia katika kikundi cha Abdias, akiwa ndani ya tamthilia hiyo hiyo. Miaka nenda rudi weusi walipewa nafasi za mtumishi, mtumwa na jambazi. Ndiyo maana nasema Bando ilimpa Lázaro kitu ambacho usaili wa televisheni usingempa: aliigiza watu wakubwa, wadogo, wapumbavu, wenye hekima, wenye hila, kabla mtu yeyote hajamwambia kwamba sura yake inafaa kwa nafasi moja tu. Alipomkuta João Francisco dos Santos, ndiye Madame Satã mwenyewe, yule mtu wa kweli wa mtaa wa Lapa, Rio, mpiganaji wa capoeira, ule mchezo wa mapigano wa Kibrazili, mpishi, mfungwa, mlezi wa watoto, mwanamume aliyependa wanaume na kuota kuwa nyota wa jukwaa, hakushtuka kwa wingi wa mambo ndani ya mtu mmoja.

Hapo namjibu rafiki yako mwenye kamera. Ana ukweli nusu. Irudie picha ya kwanza kabisa ya Madame Satã. Ni uso tu, umepigwa, umevimba, kamera haiondoki, na sauti ya kiofisi inasoma maelezo ya mtu huyo kana kwamba ni bidhaa mbovu. Lázaro hasemi neno. Hakunji hata uso. Lakini unaona ghadhabu, uchovu, na kitu kingine kinachokataa kuvunjika. Kisha endelea mpaka kule anapoimba kwenye baa: mwili mzima unafunguka, mikono, kiuno, koo, anakijaza chumba. Mwigizaji ni yule yule. Jukwaa halikumharibu, ndilo lililompa vyote viwili, ukubwa na utulivu, na akili ya kujua kipi kitumike lini.

Kinachobadilika ni umbali. Ukumbini mtu wa mwisho yuko mita 20 mbali, kwa hiyo wazo lako lazima limfikie kwa pumzi na kwa mwili. Kwenye filamu lenzi inakuja yenyewe hadi usoni, na ukilisukuma wazo lile kwa nguvu ile ile linaonekana limevimba. Pia filamu hupigwa vipande vipande, kifo asubuhi, harusi mchana, kwa hiyo mwigizaji lazima abebe ramani ya mhusika kichwani mwake. Anayetoka jukwaani huwa na ramani hiyo, kwa sababu amezoea kusafiri na mhusika kutoka mwanzo hadi mwisho kila usiku. Anachohitaji kujifunza ni kupunguza, na kupunguza hufundishika kwa miezi. Asiye na cha kupunguza ana kazi ngumu zaidi.

Kuhusu kupayuka, hapo rafiki yako ameona kweli, ila ametaja sababu isiyo yenyewe. Sauti ya jukwaani iliyofundishwa vizuri hutoka na pumzi ya tumboni, na misuli ya koo inabaki laini. Anayepayuka hukaza koo kwa sababu pumzi imekwisha, nyuzi za sauti zinagongana kwa nguvu, zinavimba, na kesho yake anakaza zaidi ili asikike. Huenda ndivyo ulivyofika wiki ya nne. Kuacha jukwaa hakutakuponya hilo. Utapayuka hata mbele ya kamera. Daktari kwanza, halafu mwalimu wa sauti.

Kama unataka kuona matunda ya kupunguza, tafuta O Homem que Copiava ya Jorge Furtado, mwaka 2003. Kwangu mimi ndiyo kazi yake bora ya ujanani, ingawa najua wengi watachagua Madame Satã. Anaigiza André, kijana anayefanya kazi ya kutoa fotokopi kwenye duka la vifaa vya ofisi huko Porto Alegre, kusini kabisa mwa nchi. Hana mavazi ya kung'aa, hapigani capoeira, haimbi. Anasimama mbele ya mashine na kuwaza, na sauti yake inatusimulia mawazo hayo. Na hakuna anayemtaka aeleze rangi yake. Yeye ni kijana anayependa msichana na hana fedha. Mwaka huo huo alikuwa pia ndani ya Carandiru ya Hector Babenco, filamu ya gereza iliyoangaliwa na zaidi ya watu milioni 4 Brazil, na Wagner Moura alikuwemo. Mwaka 2005 wawili hao pamoja na Alice Braga wakafanya Cidade Baixa, mjini kwao Salvador. Mwaka 2006 Lázaro akambeba Foguinho katika tamthilia ya Globo, Cobras & Lagartos, na mwaka uliofuata akateuliwa kuwania Emmy ya Kimataifa, tuzo ya televisheni. Hesabu tangu alipojiunga na Bando akiwa na miaka yake 15. Ni zaidi ya miaka kumi.

Najua utaniambia: lakini wale vijana wa Cidade de Deus je? Filamu ile ya 2002 iliwachukua vijana wengi kutoka mitaa ya mabandani ya Rio, wengine hawakuwahi kuigiza, na dunia nzima ikawajua. Ni kweli. Lakini hata wao hawakuokotwa leo wakapigwa picha kesho. Waliwekwa kwenye warsha kwa miezi kabla kamera haijawashwa. Tena, mwaka 2013 ilitoka filamu ya hali halisi iliyowatafuta miaka 10 baadaye. Wengine waliendelea vizuri. Wengine walirudi kwenye kazi za kawaida, na fedha waliyoipata ilikuwa ndogo kuliko umaarufu wa filamu. Kati ya walioendelea, kama Roberta Rodrigues, Jonathan Haagensen na Thiago Martins, wapo waliokuwa wamekulia katika Nós do Morro, kikundi kilichoanzishwa na Guti Fraga mtaa wa Vidigal mwaka 1986. Siwezi kukuapia kwamba kikundi ndicho sababu pekee. Lakini nimeuona mpangilio huo mara nyingi mno kuupuuza: filamu moja humfungulia mtu mlango, na kikundi humpa miguu ya kutembea baada ya kuingia.

Kuhusu umri, mwigizaji Fernanda Montenegro alizaliwa mwaka 1929 na aliteuliwa kuwania Oscar kwa Central do Brasil akiwa na miaka 69. Wagner Moura alikuwa na miaka 31 filamu yake ya Tropa de Elite ilipotoka mwaka 2007. Mwaka uliofuata, sura yake ikijulikana Brazil nzima, alipanda jukwaani kuigiza Hamlet, na mwaka 2025 akapewa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume Cannes. Wewe una 20.

Basi chuo. Naona una njia tatu, na kila moja ina gharama yake.

Kuacha sasa na kuhamia Dar bila kazi, bila kikundi na bila mwenyeji mwenye nafasi, sikushauri. Kuwa mgeni mjini usiye na kodi ya chumba humfanya kijana akubali chochote anachoambiwa na yeyote, na barua yako inaonyesha tayari kuna mtu ameinusa hali hiyo.

Kuhamia masomo ya sanaa ni njia ya heshima. Kuna TaSUBa, Taasisi ya Sanaa na Utamaduni pale Bagamoyo, na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kina Idara ya Sanaa za Ubunifu. Brazil kwenyewe, sheria ya 1978 inamtaka mwigizaji awe na usajili wa kazi, unaopatikana kwa cheti cha masomo au kwa hati ya chama cha waigizaji, kwa hiyo usidhani wenzetu huko wanaishi kwa kipaji tu. Usiamue hili kwa simu. Panda basi siku moja wakati wa likizo uende Bagamoyo, uangalie mazoezi, uongee na wanafunzi wa mwaka wa mwisho bila mwalimu kuwepo, uulize wanaishi vipi na waliomaliza wako wapi.

Njia ya tatu, na ndiyo ninayokushauri, ni kumaliza stashahada huku mkikigeuza kikundi chenu kuwa kikundi hasa. Umebakiza mwaka mmoja na kidogo. Utachoka, sitakuficha, zamu za mafunzo hospitalini na mazoezi ya jioni vitagongana, na kuna usaili mmoja au miwili itakupita. Ila utakuwa na kipato ambacho kitakuruhusu kukataa mswada mbaya na kumkataa bwana wa laki tatu. Na maabara yenyewe ina watu wengi wa kuwatazama kuliko unavyodhani: yule mama anayesubiri majibu na kujifanya hana wasiwasi, yule kijana anayecheka kwa sauti kabla ya kuchomwa sindano. Kaa kimya na siri za wagonjwa, usichukue jina wala kisa cha mtu. Chukua namna mkono unavyokamata kiti.

Kuna hali ambayo ningebadilisha ushauri huu. Kama unachukia masomo yako kiasi cha kutolala, kutokula, au kuhisi maisha hayana maana, hilo si suala la sanaa tena. Muone mshauri wa wanafunzi chuoni au daktari, uso kwa uso, wiki hii hii.

Kwa kikundi chenu, anzeni na jambo ambalo Bando walilifanya na ambalo halina gharama. Michezo ya kampeni za afya ni kazi halali, iendeleeni, lakini huko mara nyingi mswada unaletwa na ujumbe umeshaamuliwa. Chagueni mchezo mmoja ulio wenu. Kila mmoja aende soko la Mgandini au stendi, atafute mtu mmoja, amwangalie kwa siku kadhaa, arudi naye mwilini. Buni, gombaneni, kateni, rudieni. Onyesheni mahali pale pale kila mwezi, hata kama wamekuja watu 12, ili watu wazoee kwamba siku fulani pana mchezo. Mkishakuwa na onyesho lililoiva, ndipo mlipeleke Dar, nyote pamoja.

Wewe binafsi kaa nje ya mazoezi ya sauti mpaka daktari akuruhusu. Kazi ya kutazama na kubuni mwendo unaweza kuifanya bila kutoa neno. Na mama usimpelekee hoja za Brazil. Mwambie unamaliza chuo, halafu umwombe kitu kimoja anachoweza kukupa: ruhusa ya kuchelewa kurudi siku mbili za wiki za mazoezi, na mwenzako wa kikundi akusindikize hadi mlangoni.